Kupunguza Utambi

Bibi yangu alikuwa na koroboi moja ya kopo la maziwa na hadithi zisizokwisha. Baada ya chakula cha usiku alikaa mkekani, akaegemeza mgongo ukutani, akasema "Paukwa," nasi tukaitikia "Pakawa." Hadithi ilipofika pale zimwi linapotoka porini, alinyoosha mkono akausukuma utambi chini. Moto ukawa mdogo kama punje ya mtama. Ukuta wa mbele yetu ukatoweka, na hatukuwa tena na hakika chumba kinaishia wapi. Kwa miaka mingi niliamini alifanya hivyo ili tuogope. Alipokwisha kufariki, mama akanieleza sababu nyingine: hadithi ya zimwi ilikuwa ndefu kuliko zote, na mafuta ya taa yalitakiwa yafike Ijumaa.

Mkono ule hunirudia kila ninapoitazama Detour, filamu ya Kimarekani ya mwaka 1945, yenye urefu wa saa moja na dakika chache. Mapema katika hadithi, mpiga piano na mwimbaji wanatoka katika klabu ya usiku jijini New York na kushika njia ya nyumbani. Tunachokiona ni ukungu. Kibao chenye jina la mtaa kinajitokeza kisha kinamezwa, na mwanga wa taa unaelea pasipo jengo. Mwanamume anataka waoane. Mwanamke anasema ataondoka kwenda California kujaribu bahati yake. Filamu hii ilitengenezwa huko huko California, na fedha za kujenga mtaa wa New York hazikuwapo. Ukungu ulipatikana kwa bei nafuu, basi ukawekwa mahali pa jiji. Mtazamaji hauoni ufukara huo. Anawaona wapenzi wawili ambao hawawezi kuona hatua tatu mbele yao, na tangu dakika ile anaanza kuwahofia.

Aina hii ya filamu ilipata jina lake Ufaransa. Wakati wa vita Wafaransa hawakuwa wakipata filamu za Marekani, na mwaka 1946 zilipoanza kumiminika Paris kwa mkupuo, mhakiki Nino Frank aliziona kadhaa zinazofanana kwa ukatili, kwa mashaka, na kwa wahusika wanaojiangamiza wenyewe. Akaziita film noir, yaani filamu nyeusi. Waliokuwa wakizitengeneza Hollywood hawakulijua jina hilo. Kwao zilikuwa hadithi za uhalifu tu. Weusi wake ulikuwa wa aina mbili: weusi wa mambo yanayosimuliwa, na weusi wa picha yenyewe, yenye vivuli virefu, nyuso zilizomulikwa upande mmoja, na vyumba visivyo na pembe.

Weusi huu wa pili ndio uliowavuta watu wenye fedha kidogo. Kila anayetengeneza filamu anajua kwamba taa hudai seti. Ukimulika chumba kizima, huna budi kukipaka rangi chote, kukitia makochi na mapazia, na kumvalisha vizuri hata anayepita nyuma. Ukimulika uso peke yake, unatengeneza uso peke yake. Hollywood ilikuwa na studio ndogo ndogo zilizoishi kwa hesabu hiyo, zikiitwa kwa pamoja Mtaa wa Ufukara, kwa Kiingereza Poverty Row. Mojawapo ilikuwa Producers Releasing Corporation, maarufu kwa herufi zake PRC, iliyokuwa ikitoa filamu za haraka za kujaza nafasi katika majumba ya sinema. Detour ilizaliwa humo.

Aliyeiongoza aliitwa Edgar G. Ulmer. Alizaliwa mwaka 1904 huko Moravia, iliyokuwa sehemu ya dola ya Austria na Hungaria, akakulia Vienna. Ujanani alifanya kazi katika tamthilia za Max Reinhardt na katika filamu za F. W. Murnau, watu wawili waliokuwa wakiitumia taa kama fundi seremala anavyoitumia randa. Mwaka 1930 alikuwa miongoni mwa vijana waliotengeneza Menschen am Sonntag, filamu ya Berlin kuhusu Jumapili ya watu wa kawaida, na walioigiza humo hawakuwa waigizaji wa kazi. Mwaka 1934 aliongoza The Black Cat kwa studio kubwa ya Universal, ikapata watazamaji wengi. Kisha akampenda Shirley, mke wa mpwa wa mkuu wa studio hiyo. Wakaoana, na milango mikubwa ya Hollywood ikafungwa. Kwa miaka iliyofuata Ulmer alitengeneza filamu za Kiyidi, za Kiukraine, za watazamaji Wamarekani Weusi, na filamu fupi za kuwaelimisha watu kuhusu kifua kikuu. Shirley alikuwa naye kazini, akitunza kumbukumbu za kila picha ili vipande viungane bila kasoro.

Naitaja safari hii kwa sababu Detour haieleweki bila hiyo. Mtu aliyefika PRC hakuwa mwanafunzi anayebahatisha. Alikuwa na ujuzi wa miaka ishirini, na walichomnyima ni fedha.

Hadithi, iliyotokana na riwaya ya Martin Goldsmith ya mwaka 1939 na kuandikwa kwa filamu na Goldsmith mwenyewe, ni nyembamba kama uzi. Al Roberts, yule mpiga piano, anaomba lifti kutoka New York kumfuata mchumba wake Los Angeles. Mwenye gari aitwaye Haskell anamchukua. Usiku mmoja mvua ikinyesha, Haskell anakufa. Al anasema hakumuua, lakini anaamini polisi hawatamsadiki, basi anauficha mwili na kuchukua gari, nguo, fedha na jina la marehemu. Kesho yake naye anampa mwanamke lifti. Mwanamke huyo, Vera, aliwahi kupanda gari hilo hilo na Haskell wa kweli, na anajua mara moja kwamba anayeendesha si mwenyewe. Tangu hapo Al ni mateka wake.

Sehemu kubwa ya safari hiyo ilipigwa ndani ya studio. Gari limesimama. Nyuma yake kuna skrini ambayo projekta inarushia picha za barabara zilizopigwa kabla. Njia hii ilikuwa ya kawaida siku zile, lakini studio kubwa ziliificha kwa ustadi na fedha. Hapa unaiona. Barabara inakimbia nyuma ya mabega ya watu ambao hawatikisiki. Mwanzoni nilidhani ni udhaifu. Siku hizi siwezi kuifikiria filamu hii bila hiyo. Al anasafiri maelfu ya maili na hasogei, dunia inampita naye amekaa palepale na hatia yake. Uhaba ulimpa Ulmer gari lisilokwenda, na kwa kuwa hadithi ilikuwa ya mtu asiyefika, akaliacha gari lionekane lilivyo.

Kuna jambo jingine ambalo sisi wa Afrika Mashariki tunaliona kwa macho tofauti. Katika vipande vya Al akiomba lifti, negativu iligeuzwa, kulia ikawa kushoto. Maelezo yanayotolewa ni kwamba safari ya kuelekea magharibi ilipaswa kuonekana ikienda upande wa kushoto wa skrini, kama inavyokwenda kwenye ramani, na kurudia picha kungegharimu kuliko kuigeuza. Matokeo yake magari yanapita upande wa kushoto wa barabara na dereva ameshika usukani kulia. Mmarekani akitazama kwa makini anashtuka. Mimi niliitazama mara tatu bila kuona kitu, maana hivyo ndivyo magari yanavyokwenda hapa kwetu. Niliposoma habari hiyo nilirudi kutazama tena, na safari hii nilishtuka kwa ajili ya Al: katika nchi yake mwenyewe, alikuwa akisafiri katika ulimwengu uliopinduliwa.

Nakala niliyoitazama kwanza ilikuwa mbovu. Hati miliki ya filamu haikuhuishwa, kwa hiyo ikawa mali ya wote, ikanakiliwa kutoka nakala hadi nakala mpaka picha ikawa kama shuka lililofuliwa mara nyingi. Giza lake lilikuwa giza tu. Mwaka 2018 ikatolewa nakala iliyokarabatiwa na hifadhi ya filamu ya Academy, ile taasisi inayotoa tuzo za Oscar. Kazi hiyo iliegemea nakala iliyokuwa imehifadhiwa Brussels, ambayo maandishi ya tafsiri yaliyochapwa juu ya picha yalilazimika kufutwa kwa kompyuta. Nilipoiona nilikaa kimya. Ukungu una tabaka. Ndani ya kile nilichodhani ni weusi mtupu kuna kijivu cha aina nyingi. Katika mkahawa wa barabarani ambamo Al anaanza kukumbuka, taa za chumba zinafifia na kubaki utepe mmoja wa nuru juu ya macho yake, uliokatwa sawasawa, usiogusa kidevu wala kipaji. Benjamin Kline, mpiga picha mkuu, alikuwa ameipima nuru hiyo. Giza lilikuwa limepangwa kama vile wengine wanavyopanga samani.

Hapo ndipo nilipoanza kuitilia shaka sifa kuu ya filamu hii. Kwa miongo mingi imesimuliwa kwamba Detour ilipigwa kwa siku sita. Ulmer mwenyewe alisema hivyo uzeeni, na vijana wanaotengeneza filamu duniani kote wamelirudia neno hilo kama watu wanavyorudia muujiza. Lakini mwandishi wa maisha yake, Noah Isenberg, alipopekua kumbukumbu alikuta mambo mengine. Upigaji picha ulichukua zaidi ya mara mbili ya siku hizo, na gharama ilipita dola 100,000, wakati masimulizi yalizoea kutaja 20,000 au 30,000. Kwa Hollywood bado ilikuwa filamu ya kimaskini. Lakini haikuwa ya siku sita.

Kwa nini tuliipenda hivyo hesabu isiyo ya kweli? Nadhani ni kwa sababu inatufariji. Inatuambia kwamba kukosa si kizuizi, kwamba mwenye shauku na kamera ya kuazima anaweza kufanya lolote wiki ijayo. Ninawaelewa wanaohitaji faraja hiyo, nami nimeihitaji. Lakini nimeiona pia ikitumika kama fimbo. Miaka kadhaa iliyopita nilialikwa kutazama vijana wakipiga filamu ya uhalifu usiku, katika uchochoro mmoja wa Dar es Salaam. Waliokusudia kuimaliza kwa usiku nne walikuwa usiku wa tatu. Mwigizaji mkuu alikuwa amelala ameketi kwenye kiti cha plastiki, viatu mkononi. Kijana wa taa alikuwa na taa mbili na karatasi ya kung'aa ya kufungia chakula, akijaribu kurudisha mwanga ukutani. Alipoomba nusu saa ya kuipanga upya, mtayarishaji alimjibu, "Kaka, hii ni filamu ya giza. Zima moja, tushuti." Taa ikazimwa, wakashuti. Nilipokuja kuiona kazi hiyo, uso wa yule mwigizaji haukuonekana katika tukio ambalo uso wake ndio uliokuwa habari yote.

Yule mtayarishaji hakuwa mtu mbaya. Alikuwa na fedha za usiku nne na aliamini, kama tulivyoaminishwa wengi, kwamba giza hujitengeneza lenyewe. Wazee walisema mchagua jembe si mkulima, nasi tumeupokea usemi huo kama sifa kwa anayelima na jembe lolote. Ni sifa ya kweli. Lakini methali hiyo inamzungumzia mkulima, mtu anayeijua ardhi. Jembe bovu mkononi mwa asiyelima haliwi zuri kwa sababu ni bovu.

Mfano wa pili unanisaidia kulieleza hili. Mwaka 1998 ilionyeshwa filamu ya kwanza ndefu ya Christopher Nolan, Following, iliyopigwa London kwa rangi nyeusi na nyeupe, kuhusu kijana anayewafuata watu mitaani mpaka siku anapomfuata mtu asiyefaa. Iligharimu takriban paundi 3,000. Ukiishia hapo, unarudi kwenye hadithi ya muujiza. Tazama jinsi ilivyotengenezwa. Washiriki wote walikuwa na kazi zao katikati ya wiki, kwa hiyo walipiga Jumamosi, Jumamosi moja baada ya nyingine, kwa karibu mwaka mzima. Gharama kubwa kuliko zote ilikuwa mkanda wa filamu wa milimita 16, na kila siku ya kazi walimudu dakika chache tu za mkanda huo. Basi walifanya mazoezi kama ya jukwaani, kwa muda mrefu, hata kamera ilipowashwa wachukue picha mara moja au mbili na kuendelea. Nyumba zilikuwa za marafiki na ndugu. Nuru ilitoka dirishani mara nyingi, na waigizaji waliwekwa pale nuru ilipokuwapo.

Nolan hakuwa na fedha, lakini alikuwa na mwaka. Ulmer hakuwa na mwaka, lakini alikuwa na miaka ishirini nyuma yake. Naamini kila filamu hulipiwa gharama yake kamili. Isipolipiwa kwa fedha italipiwa kwa muda, au kwa ujuzi uliochumwa zamani, na isipolipiwa kwa lolote kati ya hayo italipiwa na miili ya watu: usingizi wa mwigizaji na mgongo wa kijana anayebeba nyaya. Tunapoisifu filamu kwa kuwa ya bei ndogo, ni haki tuulize ni nani aliyemalizia deni.

Kenya ina jibu moja ninaloliheshimu. Nairobi Half Life ya mwaka 2012, iliyoongozwa na David Tosh Gitonga, ni hadithi ya Mwas, kijana anayetoka kijijini kwenda Nairobi akitaka kuwa mwigizaji, akaangukia mikononi mwa genge la wezi. Ni filamu ya uhalifu yenye usiku mwingi, jiji lenye nyuso mbili, na mtu anayezama hatua kwa hatua huku akijiambia bado anaelea. Ilitoka katika mpango wa mafunzo wa One Fine Day Films, kampuni iliyoanzishwa kwa ushirikiano wa mwongozaji Mjerumani Tom Tykwer, ambamo mafundi wazoefu walikaa bega kwa bega na vijana wa Afrika Mashariki, kila mmoja katika idara yake. Kenya ikaipeleka kuwania Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni, mara ya kwanza kwa nchi hiyo kufanya hivyo. Wengi hukumbuka kuchaguliwa huko. Mimi hukumbuka yale mafunzo yaliyotangulia. Ukiona vyaelea, vimeundwa.

Detour ina mwisho ambao nao ulitokana na kubanwa, ingawa si na fedha. Kanuni za maadili za Hollywood, zilizosimamiwa na ofisi ya Joseph Breen, hazikuruhusu muuaji aonekane akitembea huru. Vera amekufa katika chumba cha kupanga: amelewa, amejifungia na simu, waya umemzunguka shingo, na Al upande wa pili wa mlango ameuvuta waya bila kujua. Anapoingia na kumkuta, kamera haikati. Inapita polepole juu ya vitu vya chumbani, kimoja kinaeleweka, kinafifia, kingine kinajitokeza, kama macho ya mtu anayekataa kuona. Fundi mwenye haraka asingeipiga picha ile, na haikuongeza hata senti katika gharama za seti. Kisha Al yuko barabarani usiku. Sauti yake inasema siku moja gari litasimama kumchukua. Gari la polisi linasimama. Sheria imetimizwa, lakini kwa namna ambayo hatujui kama linatokea au analiona akilini mwake tu. Hata amri ya wasimamizi wa sinema ilipokelewa na mkono uliojua la kuifanyia.

Siandiki haya kumkatisha tamaa anayetaka kupiga filamu yake nyeusi kwa taa mbili. Namtakia aipige. Namwomba tu alipange giza lake kabla ya kulizimia taa: ajue ni nini kitakachomezwa na ni nini lazima kibaki, ampe kijana wa taa nusu saa yake, na amwache mwigizaji alale. Kama hana fedha, atafute Jumamosi. Kama hana Jumamosi, akae kwanza karibu na mtu anayejua.

Nimemfikiria tena bibi. Mama alisema kweli kuhusu mafuta, lakini mafuta hayakujua zimwi linatoka lini. Angeweza kuyaokoa mwanzoni, wakati sungura na fisi wanagawana nyama, au mwishoni tulipokuwa tumekwisha kusinzia. Aliipunguza nuru mahali pamoja tu, na kabla ya kufanya hivyo alikuwa amekwisha kuisimulia hadithi ile kwa wanawe, na kabla yao kusimuliwa na mama yake. Usiku mmoja mimi na binamu yangu tulijaribu kumwiga. Tulingoja watu wazima watoke, tukawasha koroboi, nikaanza "Paukwa," na zimwi lilipokaribia nikausukuma utambi chini. Ukazimika. Tulikaa gizani, tukisikia harufu ya moshi, na hakuna aliyeogopa.